Kitabu cha Gari Tusilotengenezewa Sisi: Kutafuta Maelekezo ya Ufundi Lubumbashi



Mwenye gari wa Lubumbashi anayetaka kujibadilishia oili, plagi au pedi za breki hakosi spana. Anachokosa ni kitabu kinacholihusu gari lake kweli. Magari mengi tunayoendesha katika komuni za Katuba, Kenya na Kampemba yaliundwa kwa soko la ndani la Japani. Yalishushwa Dar es Salaam, yakapita Tunduma, yakaikata Zambia, yakaingia kwetu Kasumbalesa. Kitabu kilichomo kwenye dashibodi, kama bado kimo, kimeandikwa Kijapani, tena ni cha dereva tu: kinafundisha kutumia redio na mikanda ya usalama, hakifundishi kufungua injini.

Ninachowaomba leo ni kimoja. Tusitafute kitabu kwa jina lililobandikwa mgongoni mwa gari. Tutafute kwa namba ya muundo na namba ya injini, kisha tutafute ndugu wa gari hilo aliyeuzwa katika nchi zinazoendesha upande wa kulia kama sisi.

Fungueni boneti. Kwenye ukuta wa chuma ulio nyuma ya injini kuna kibati kidogo. Kipanguseni vumbi mtaona herufi na tarakimu: NCP60, SR40, AZR60 na kadhalika. Hapo ndipo utafutaji unapoanzia, na mfano wa Toyota Noah unaonyesha sababu. Noah ya SR40, ya mwisho wa miaka ya 1990, ina injini ya 3S-FE, yenye mkanda wa taimingi wa mpira ambao lazima ubadilishwe kabla haujakatika. Noah iliyoifuata, AZR60, ilitoka mwaka 2001 na injini ya 1AZ-FSE. Hiyo ina cheni ya chuma, na petroli yake hupulizwa moja kwa moja ndani ya silinda kwa pampu ya shinikizo kubwa. Jina ni lile lile, kazi si ile ile. Mwenye AZR60 akishika kitabu cha SR40 atatafuta mkanda usiokuwapo, na akigusa mabomba ya petroli bila kujua shinikizo lililomo anajihatarisha.

Sasa huyo ndugu. Toyota ist, ambayo ni teksi ya kila kona hapa, iliuzwa Marekani kwa jina la Scion xA, modeli za 2004 hadi 2006, kwa injini ya 1NZ-FE. Marekani usukani uko kushoto, kwa hiyo michoro ya kitabu cha Scion xA inamfaa hata mwenye ist iliyohamishwa usukani kutoka kulia kwenda kushoto, ingawa lugha yake ni Kiingereza. Mwenye ist ya NCP60 akumbuke tu kwamba injini yake ni 2NZ-FE, ndogo kidogo, ya ukoo ule ule. NCP61 ndiyo yenye 1NZ-FE. Vitz iliuzwa Ulaya kama Yaris. Ipsum ya kwanza iliuzwa huko kama Picnic. Injini ya 1AZ-FSE ilifungwa pia kwenye Avensis, kwa hiyo fundi aliyekwama kwenye petroli ya AZR60 atafute kitabu cha Avensis hiyo, hata kama mabodi hayafanani hata kidogo.

Kwa sisi tuliosoma Kifaransa, bahati yetu ni Revue Technique Automobile, iliyoanza kuchapishwa Ufaransa mwaka 1946. Inaandika juu ya magari yaliyouzwa kule, yenye usukani wa kushoto, kwa maneno yale yale wanayofundishwa vijana wetu katika shule za ufundi. Vitabu vya Haynes vya Uingereza, vilivyoanza na Austin-Healey Sprite mwaka 1966, vina sifa nyingine: waandishi wake hulifungua gari zima na kulifunga tena, wakipiga picha kila hatua. Mtu anayejifunza peke yake uani kwake atasaidiwa zaidi na picha hizo kuliko na kitabu cha kiwanda, ambacho huandikwa kwa fundi aliyekwisha kuhitimu. Toyota ya Ulaya yenyewe huuza ruhusa ya kusoma vitabu vyake kwenye mtandao, hata kwa saa chache. Watu kadhaa wakichangia saa moja huku wamejua kurasa wanazozitaka, gharama inabebeka.

Wengi wetu tutapata nakala iliyopita kwenye simu na flashi. Basi ikaguliwe kabla ya kuaminiwa. Nenda kwanza kwenye jedwali la vipimo. Kwa 1NZ-FE, oili pamoja na filta ni lita 3.7. Nati za magurudumu za magari haya madogo ya Toyota hukazwa kwa nyutoni-mita 103. Nakala isiyo na jedwali hilo, au yenye namba zilizofutika, haifai kutumiwa kwenye breki.

Magari mengi ya Toyota ya rika la hizi Noah na ist hujisemea yenyewe, na kitabu ndicho kinachotafsiri. Chini ya dashibodi kuna soketi ya matundu 16. Swichi ikiwa imezimwa, unganisha tundu la 4 na la 13 kwa kipande cha waya, kisha washa swichi bila kuwasha injini. Taa ya injini itaanza kupepesa. Ikipepesa mara mbili, ikatulia, ikapepesa mara mbili tena, hiyo ni 22: sensa ya joto la maji. Ikipepesa mfululizo bila kutulia, hakuna kosa lililohifadhiwa. Tundu la 16 lisiguswe kabisa, lina moto wa betri. Njia hii husaidia sana pale kifaa cha bei nafuu kinaposhindwa kuongea na gari la soko la Japani.

Kuna mahali ambapo kitabu chochote hukoma. Gari lililohamishwa usukani lina raki ya gari jingine, mabomba ya breki yaliyokatwa na kuungwa, na waya zilizorefushwa kwa rangi yoyote iliyokuwa karibu. Hakuna kiwanda kilichochora gari hilo. Hapo naomba kila garaji inayohamisha usukani impe mwenye gari karatasi yenye mambo matatu: raki imetoka gari gani, masta silinda ni ya nini, na kila waya ulioungwa umetoka wapi kwenda wapi. Karatasi hiyo ikae kwenye dashibodi. Na garaji ibaki na nakala, kwa sababu gari litauzwa, na mnunuzi atarudi na breki zinazovuta upande mmoja akiuliza ni pampu gani anunue.