Klachi Ikiingia Hewa: Unachoweza Kufanya Nyumbani na Unachopaswa Kumwachia Fundi

Haya ni maneno ya mazungumzo ya afisa wa habari wa kaunti mbele ya madereva na wenye magari, Mwatate. Yanachapishwa kwa ajili ya wakazi ambao hawakuweza kufika.

 

Najua mnajiuliza kwa nini ofisi ya habari, ambayo mmezoea kuisikia ikitangaza vikao vya bajeti na chanjo ya mifugo, leo inazungumzia klachi. Sababu ni milima yetu. Anayetoka Voi kuelekea Mombasa anaweza kukaa kwenye gia ya juu kwa muda mrefu bila kugusa klachi. Anayepanda kutoka hapa Mwatate kwenda Wundanyi hubadilisha gia karibu kila kona, na anayeshuka na mzigo wa kabichi anahitaji gia imsaidie kushikilia gari ili breki zisipate moto. Klachi ikikataa mahali kama pale, shida si ya mwenye gari peke yake. Ni ya abiria wake, na ya mwenye bodaboda aliye nyuma yake.

Niseme mapema kwamba mimi si fundi. Nilisomea uandishi wa habari. Haya nimeyapata kwa kukaa na mafundi, kwa kusoma kitabu cha gari, na kwa kulala chini ya gari langu mwenyewe. Kwa hiyo nitawaeleza kazi ambayo mtu wa kawaida anaiweza, kisha nitawaonyesha mahali pa kusimama.

Kuna klachi za waya na kuna klachi za mafuta. Ya waya haina hewa ya kutolewa, na gari la otomatiki halina pedali ya klachi kabisa. Nazungumzia klachi ya mafuta, iliyo kwenye matatu nyingi, pikapu, Canter na magari mengi madogo ya gia za mkono. Ukikanyaga pedali unasukuma kijiti kinachoingia kwenye silinda ya juu, ile mafundi wanaiita masta. Masta inasukuma mafuta kupitia paipu nyembamba hadi silinda ya chini, slevu, iliyo kwenye giaboksi. Slevu inasukuma uma, uma unasukuma beringi, na sahani ya klachi inaachana na injini. Hapo ndipo gia inaingia bila kelele.

Hewa inaharibu vipi mpango huo? Wafugaji mtanielewa haraka. Chukua sirinji ya kuchanjia mbuzi, isiyo na sindano, ijaze maji, ziba mdomo wake kwa kidole kisha usukume. Haisongi. Sasa ijaze nusu maji na nusu hewa, usukume tena. Inasonga, na ukiachia inarudi. Nguvu ya mkono wako imeishia kuibana hewa. Ndivyo mguu wako unavyochoka kwenye pedali wakati sahani ya klachi haijaachana na injini hata kidogo.

Dalili zake ni hizi. Pedali inakuwa laini kama sponji au inashuka hadi chini bila kupinga. Gia ya kwanza inakuwa ngumu gari likiwa limesimama, na rivasi inakwaruza. Ukipiga pedali mara tatu au nne haraka haraka, gia inakubali kuingia, kisha baada ya muda inakataa tena. Dalili hiyo ya mwisho ndiyo muhimu kuliko zote, kwa sababu inakuonyesha kwamba tatizo liko kwenye mafuta. Lakini kama unakanyaga petroli, injini inanguruma na gari halisongi mbele inavyopaswa, hiyo si hewa. Sahani imeisha, au imelowa oili, na hakuna kutoa hewa kutakakoisaidia. Nimeona watu wakishushiwa giaboksi nzima na kuuziwa klachi mpya wakati kilichohitajika ni chupa ndogo ya mafuta ya breki. Nimeona pia kinyume chake.

Sasa naomba mnisikilize vizuri, maana hapa ndipo wengi wanakosea. Hewa haiingii yenyewe tu. Njia ile imefungwa kuanzia juu hadi chini. Kama wiki iliyopita fundi alibadilisha slevu au paipu, basi hewa iliingia wakati huo na kuitoa ni kumalizia kazi yake. Kama hakuna aliyegusa kitu na leo klachi imelegea, kuna mahali mafuta yanatoka. Ukiitoa hewa utaendesha siku tatu au wiki mbili, kisha itarudi, na huenda ikarudi ukiwa katikati ya mlima.

Kwa hiyo kabla ya kushika spana, tafuta uvujaji. Fungua boneti, au mahali popote kikopo cha mafuta ya klachi kilipo kwenye gari lako, uangalie kama mafuta yameshuka chini ya alama. Kisha ingia ndani na tochi, uinue kapeti, upapase pale kijiti cha pedali kinapoingia ukutani. Pakiwa na unyevu, au rangi imebambuka, masta inavuja. Halafu nenda kwenye slevu. Ina kifuniko cha mpira mbele, chenye mikunjo. Vuta ukingo wake taratibu. Yakidondoka mafuta, mpira wa ndani umekwisha. Usisahau kipande cha paipu ya mpira kati ya bodi na giaboksi, kwa sababu kinachezacheza kila siku na hupasuka kwa uzee. Magari mengi tunayoyanunua yalitumika ng'ambo kwanza, na sheria inataka yasizidi miaka 8 yanapoingia nchini. Lakini hakuna anayehesabu umri wa mpira ulio ndani ya slevu tangu siku ile.

Tena kuna magari ambayo klachi na breki zinakunywa kutoka kikopo kimoja. Fuata paipu uone. Kama ni kimoja na mafuta yanapungua, usilichukulie kama jambo la klachi tu, kwa maana anayevuja anakunywa akiba ya breki. Gari hilo halibebi watoto wa shule hadi mvujo upatikane.

Tuseme umekagua, hakuna mvujo, au umeshabadilisha kilichovuja. Unahitaji chupa mpya ya mafuta ya breki, spana ya pete inayoshika vizuri, mara nyingi namba 8 au 10, paipu ya plastiki inayoonyesha ndani yenye urefu wa nusu mita hivi, chupa ya glasi, vitambaa, maji ya kutosha na msaidizi mmoja. Spana ya kurekebisha iache nyumbani. Skrubu ya kutolea hewa ni laini, na ikishaviringwa kichwa umejiongezea kazi.

Kuhusu mafuta, soma kifuniko cha kikopo. Mara nyingi kimeandikwa DOT 3 au DOT 4. Hizi mbili ni za jamii moja na zinachanganyika. DOT 4 huvumilia joto zaidi: ikiwa mpya huchemka kwenye nyuzi 230 au zaidi, na DOT 3 kuanzia 205. DOT 5 ni kitu kingine kabisa, imetengenezwa kwa silikoni, usiichanganye nazo. Na tafadhali sana, msitie oili ya injini wala ya stelingi eti kwa sababu duka limefungwa. Mpira ulioundwa kwa mafuta ya breki huvimba ukikutana na oili hizo, na hapo masta, slevu na paipu vyote vinaingia kwenye hasara. Chupa iliyokaa wazi kwenye rafu tangu mwaka jana nayo iacheni. Mafuta haya huvuta unyevu hewani, na yakishaingia maji hayawezi tena kuvumilia joto.

Egesha mahali tambarare. Vuta breki ya mkono, zima injini, weka mawe makubwa mbele na nyuma ya magurudumu. Kwenye magari mengi madogo yanayovutwa na magurudumu ya mbele, slevu hufikiwa kutoka juu, pengine baada ya kutoa boksi la kichungio cha hewa. Kwenye pikapu na Canter huwa ubavuni mwa giaboksi, chini. Kama lazima uingie chini, pikapu nyingi ziko juu vya kutosha bila jeki. Kama haliko juu, tumia stendi imara. Jeki peke yake ni ya kubadilisha gurudumu. Usilale chini ya gari lililoshikwa na jeki hata kwa dakika moja.

Jaza kikopo. Safisha skrubu, maana mchanga ukiingia ndani utakula mpira. Vaa spana kwanza, kisha chomeka paipu juu ya skrubu, na ncha ya pili iingie kwenye chupa yenye mafuta kidogo ili ilale ndani ya mafuta na isivute hewa kurudi.

Kinachofuata ni mazungumzo ya watu wawili. Kubalianeni maneno mapema, kwa Kiswahili au Kidawida, mradi yawe machache na kila mmoja amjibu mwenzake. Unasema "kanyaga", naye anakanyaga polepole mara tatu na kushikilia chini, kisha anajibu "nimeshika". Unafungua skrubu robo hadi nusu mzunguko. Mafuta yanatoka na mapovu, na pedali inazama. Unafunga. Ndipo unasema "achia". Asiachie kabla hujafunga, kwa sababu pedali ikipanda skrubu ikiwa wazi, hewa mnayoitoa inarudi ndani. Mume na mke wanaweza kugombana hapa, nawaambia ukweli, hasa jua likiwa kali. Msishangae pedali ikibaki chini. Mwambie msaidizi aiinue kwa mkono au kwa ncha ya kiatu.

Rudieni. Kila baada ya mara nne au tano, inuka ukaangalie kikopo, kwa sababu ni kidogo na kinaisha haraka. Kikikauka, masta inavuta hewa na mnaanza upya. Na kama ni kile cha pamoja na breki, mnaweza kuingiza hewa huko pia. Mnaendelea hadi mafuta yatoke safi bila povu hata moja, mara kadhaa mfululizo. Funga skrubu kwa nguvu ya kiasi, rudisha kofia yake ya mpira, jaza kikopo hadi alama ya juu, funga.

Kujaribu: breki ya mkono ikiwa juu na mguu kwenye breki, washa injini, kanyaga klachi, subiri kidogo, ingiza rivasi. Ikiingia kimya, mmefaulu. Kaa umekanyaga dakika nzima uone kama gari linataka kusonga lenyewe. Likitaka, masta inapitisha mafuta ndani kwa ndani ingawa nje ni kavu, na hiyo ni kazi ya gereji. Kanyaga breki nazo. Zikiwa laini kuliko zilivyokuwa asubuhi, gari lisitoke uani. Mkishatoa hewa mara mbili na pedali bado ni sponji, acheni, mwiteni fundi. Na kwenye baadhi ya magari mapya slevu imefichwa ndani ya giaboksi. Hewa inaweza kutolewa kwa nje, lakini ikivuja hakuna cha kufanya nyumbani.

Mwenye pikapu aliniuliza afanye nini klachi ikikata akiwa anateremka. Baki kwenye gia uliyo nayo. Usiitoe, kwa sababu huenda usiweze kuirudisha, na gari lisilo na gia mteremkoni linabaki na breki peke yake. Washa taa za hatari, punguza mwendo kwa breki, sogea kando, simama na uzime injini gia ikiwa ndani. Kisha breki ya mkono na mawe.

Jambo la mwisho, na ndilo linalonisumbua kuliko klachi yenyewe. Yale mafuta machafu mliyoyatoa yanawekwa wapi? Katika nyumba zetu nyingi yanaishia kwenye chupa ya soda, pembeni ya mlango. Mafuta ya breki ni sumu, na rangi yake haiko mbali na ya juisi. Mtoto wa miaka mitatu hasomi lebo. Yaweke kwenye kopo lake la asili lenye kifuniko na maandishi, juu, mahali pasipofikika, kisha uyapeleke kwenye gereji inayokusanya oili chafu. Usiyamwage mtaroni wala karibu na kisima. Sheria ya Usimamizi Endelevu wa Taka ya mwaka 2022 inamtaka kila mmoja wetu kuwajibikia taka zake, na maji ya milima hii yanateremka kwa jirani.

Mtoto akiyanywa, usimtapishe. Mkimbize hospitali, na ubebe kopo lenyewe ili daktari aone alichokunywa. Yakikuingia machoni, osha kwa maji safi mengi kwa dakika 15 kisha uende kliniki. Yakidondoka kwenye rangi ya gari, mwagia maji mara moja, la sivyo rangi itabambuka.

Hayo ndiyo niliyokuja nayo. Naona mkono wa mzee pale, kisha mama mwenye pikapu. Mzee, karibu, na tafadhali tutajie kwanza ni gari la aina gani, kwa sababu jibu litategemea slevu yake iko wapi.