Shahidi Mwenye Upande: Robert Van Lierop na Kamera Iliyovuka Ruvuma



Waandaaji wa mkutano huu walinitaka nizungumzie mchango wa vyombo vya habari katika ukombozi wa Kusini mwa Afrika. Wanisamehe. Nitazungumzia filamu moja ya dakika 36 na mtu aliyeitengeneza, kwa sababu katika semina yetu iliyopita mwenzangu mmoja, msomi ninayemheshimu, aliitupa kwa sentensi moja. Alisema A Luta Continua, yaani "mapambano yanaendelea", ni propaganda tupu, na mwanahistoria makini hana haja nayo. Wengi walitikisa vichwa kukubali. Mimi nilinyamaza, maana muda ulikuwa umekwisha na pilau lilikuwa linapoa. Leo sinyamazi.

Usuli mnaujua. FRELIMO, chama cha ukombozi wa Msumbiji, iliundwa Dar es Salaam mwaka 1962, vita dhidi ya Wareno vikaanza Chai, kaskazini mwa Msumbiji, tarehe 25 Septemba 1964. Mnaijua kambi ya wapiganaji wake ya Nachingwea, mnaijua hospitali yake ya Américo Boavida hapa Mtwara, mnajua bomu lililomuua kiongozi wake, Eduardo Mondlane, tarehe 3 Februari 1969. Napita.

Robert Van Lierop alikuwa Mmarekani mweusi wa New York, na kazi yake ilikuwa uwakili. Mwaka 1971 yeye na Robert Fletcher, mpigapicha aliyetokea katika harakati za haki za weusi kusini mwa Marekani, walivuka mto Ruvuma wakaingia kaskazini mwa Msumbiji, katika maeneo yaliyoshikwa na FRELIMO. Filamu ilitoka mwaka 1972, ikazunguka makanisani, vyuoni na kwenye mikutano ya wanaharakati kote Marekani, na ndiyo iliyowafundisha wengi huko kaulimbiu ile ya Kireno.

Sasa nimjibu mwenzangu. Hoja yake ya kwanza ni kwamba Van Lierop alialikwa, akaongozwa, akaonyeshwa alichotakiwa kuona. Kweli kabisa. Lakini mwandishi aliyepanda helikopta ya jeshi la Ureno, yeye aliongozwa na nani? Katika vita vile hapakuwa na njia ya tatu ya kuingilia. Ulikwenda na hawa au na wale. Wareno nao walikuwa na filamu zao za habari, zilizopita chini ya udhibiti wa serikali, na sijasikia mtu akizikataa zisiingie maktaba kwa sababu hiyo. Tunaziita nyaraka za kikoloni, tunazisoma kwa tahadhari, tunazitumia. Kwa nini tahadhari hiyohiyo isitoshe kwa filamu ya upande wa pili wa mto?

Tena tuangalie tarehe. Katikati ya mwaka 1970 Jenerali Kaúlza de Arriaga alianzisha operesheni ya Nó Górdio, akiwa na askari wapatao 35,000, kuivunja FRELIMO kaskazini. Baada ya hapo Lisbon ilitaka dunia iamini kwamba kazi imekwisha. Kamera ya Van Lierop iliingia mwaka mmoja baadaye. Sehemu kubwa ya alichorudi nacho haina mlio wa risasi: ni madarasa, mashamba, huduma za afya, wanawake wenye majukumu, watu wanaokutana na kuamua mambo yao. Mwenzangu anaona hapo ndipo propaganda ilipo, kwa kuwa maisha yamepambwa. Mimi naona ushahidi. Unaweza kupamba darasa. Huwezi kulipanga mahali ambapo jeshi la adui limesema limepafagia.

Hoja yake ya pili ina uzito zaidi, na siikwepi. Mgogoro wa ndani ya FRELIMO si mada ya filamu ile. Hatumfuatilii Uria Simango, makamu wa Mondlane, wala Lázaro Nkavandame, kiongozi wa Cabo Delgado, aliyekwenda upande wa Wareno mwaka 1969. Sisi wa huku hatuwezi kuyachukulia mambo hayo kijuujuu, kwa kuwa Desemba 1968 kamanda Paulo Samuel Kankhomba aliuawa kwenye mpaka wetu huu katika fitina hizohizo. Anayeisoma FRELIMO kwa filamu hii peke yake atapotea. Nakubali. Lakini mahakamani shahidi hafukuzwi kwa kuwa ana upande, anahojiwa. Van Lierop, wakili, hakujificha nyuma ya uso usio na rangi. Alionyesha amesimama wapi, na kwa hiyo tunajua pa kumhoji. Anayenitia hofu ni yule anayejiita hana upande ilhali hakuwahi hata kulowa miguu.

Tazameni Mueda, ng'ambo tu ya mto. Tarehe 16 Juni 1960 watu walikusanyika mbele ya ofisi ya msimamizi wa Kireno, wakati Faustino Vanomba na Kibiriti Diwane, waliotoka upande wetu wa Tanganyika, walipokwenda kuzungumza naye. Risasi zikapigwa. FRELIMO ilisema waliokufa ni kama 600. Wapo wanahistoria wanaosema ni wachache zaidi kwa mbali, na ubishi haujaisha. Mwaka 1979 mtengenezaji filamu Ruy Guerra alipotengeneza Mueda, Memória e Massacre, aliwapiga picha wenyeji wakiigiza upya walichokumbuka. Ni filamu nzuri, tena nzuri sana. Lakini fikirini kama siku ile angekuwapo mtu mmoja mwenye kamera na mwenye upande.

Nimeiona A Luta Continua mara nyingi, zaidi ya inavyomfaa mtu mwenye mitihani ya kusahihisha. Somo kubwa nililipata nilipowaonyesha wazee wachache kule Mtawanya, kwenye kompyuta yangu, chini ya mkorosho. Hotuba hawakuzijali. Walibishana kuhusu mashamba. Kisha mmoja akaniambia nisimamishe, akaniuliza: "Mwanangu, hiyo mashine ya kupigia picha, na hizo betri, nani kazibeba?" Sikuwa na jibu, na katika vitabu nilivyonavyo sijalipata. Tunaandika kuhusu mtengenezaji, tunaandika kuhusu chama, na tukifika Dar es Salaam tunatua, kana kwamba historia ya ukombozi iliishia Kariakoo. Iwe mtu alivukia Songea, Tunduru au huku kwetu, alivushwa. Ndiyo maana naamini, na mwenzangu anaweza kunicheka, kwamba filamu ile ni ya watu wa kusini kabla ya kuwa ya New York.

Kuhusu maisha yake ya baadaye nitakuwa mfupi. Alianzisha Africa Information Service, iliyochapisha hotuba za Amílcar Cabral, mpigania uhuru wa Guinea-Bissau, mwaka 1973. Alirudi Msumbiji huru akatengeneza O Povo Organizado, iliyotoka mwaka 1976. Mwaka 1981 akawa balozi wa Vanuatu katika Umoja wa Mataifa, kisha mwenyekiti wa kwanza wa umoja wa nchi za visiwa vidogo, AOSIS. Mwaka 1991 Vanuatu, kwa niaba ya umoja huo, ilipendekeza mfuko wa bima kwa nchi zitakazoathiriwa na kupanda kwa bahari. Watu wa Msimbati, kwetu pwani hapa, wana sababu ya kumjua mtu huyu mara mbili.

Leo ng'ambo ya Ruvuma kuna vita vingine, tangu Oktoba 2017, na Oktoba 2020 vilivuka hadi Kitaya, upande wetu. Tarehe 7 Aprili 2020 mtangazaji wa redio ya jamii ya Palma, kaskazini mwa Msumbiji, Ibraimo Mbaruco, alimtumia mwenzake ujumbe kwamba amezingirwa na askari. Hajaonekana tena. Wanaosema kamera ya mwenye upande haina thamani waniambie ni kamera ipi nyingine iliyobaki huko.

Kwa hiyo naomba mawili. Maktaba yetu ipate nakala ya A Luta Continua, na ya Mueda pamoja nayo. Na ninyi wanafunzi mliozaliwa kando ya Ruvuma, likizo hii kaeni na wazee wenu, muwaulize walibeba nini, waliwavusha akina nani, kwa mitumbwi ya nani. Andikeni majina. Waliokuwa vijana mwaka 1971 sasa wana miaka zaidi ya sabini.