Antijeni za Kinga Tulizorithi na Maradhi ya Nchi ya Rungwe

Mada iliyosomwa mbele ya wahudumu wa afya, walimu na wazee, Kawetele, Tukuyu



Nilipokuwa tabibu kijana niliingia siku moja katika nyumba iliyo karibu na ukingo wa mto Kiwira, nikamkuta mama wa makamo ameketi kigodani, gunzi la hindi mkononi, akijikuna muundi wa mguu wa kulia kwa nguvu asizotumia mtu ila yule aliyekosa usingizi usiku mwingi. Ngozi ya mguu ule ilikuwa nene, imejaa vipele, imekuwa nyeusi kupita ngozi yote ya mwili wake, na kinenani mtoki ulikuwa umevimba kama yai la kuku. Mguu wa kushoto, ajabu, ulikuwa karibu mzima. Kando yake alikaa kaka yake, aliyemtangulia kuzaliwa kwa miaka miwili, aliyelima naye bonde lile lile, akateka naye maji ya mto ule ule, akaumwa pamoja naye na inzi wale wale wadogo weusi tangu utotoni. Naye ngozi yake ilikuwa laini, wala hakujua kuwashwa ni kitu gani. Yule mama aliniuliza, "Daktari, sisi ni wa tumbo moja. Mbona mimi?"

Sikuwa na jibu. Mada hii ni jitihada ya kumjibu, ingawa kwa kuchelewa.

Jibu lenyewe laanzia katika kitu kidogo kisichoonekana kwa macho. Karibu kila chembe hai ya mwili wa binadamu, isipokuwa chembe nyekundu za damu, hubeba juu ya ngozi yake protini ambazo wataalamu huziita HLA, yaani antijeni za chembe nyeupe za damu, kwa kuwa huko ndiko zilikojulikana kwanza. Kazi yake naweza kuifananisha na jambo ambalo kila mtu wa Rungwe amelishuhudia. Mkulima wa chai afikishapo kikapu chake kwenye banda la kununulia majani, karani hakimwagi kikapu chote chini, bali huchota konzi moja, akaitandaza, akatazama kama ni majani mawili na chipukizi au kama yamechanganyika na majani magumu yaliyokomaa, na kwa konzi ile akahukumu kikapu kizima. HLA ndiyo mkono wa karani huyo. Huchota vipande vya protini zilizomo ndani ya chembe, aghalabu vipande vifupi vya asidi amino tisa hivi, ikavishika na kuvionyesha nje. Nao askari wa kinga, wajulikanao kwa jina la chembe T, hupita wakikagua. Wakiona kipande cha mwili wenyewe, hupita kwa amani. Wakiona kipande cha kirusi au cha kimelea, huinua vita.

Sasa tafakarini: lau mikono yote ingekuwa sawa, watu wote wangeonyesha vipande vile vile na kuugua kwa namna moja. Lakini jeni zinazoiumba mikono hiyo, zilizopangana katika kromosomu ya 6, ndizo zenye sura nyingi kupita jeni nyingine zote za binadamu. Sura zilizokwisha kusajiliwa ulimwenguni zazidi 40,000. Mkono mmoja una shimo pana liwezalo kushika kipande kinene, mwingine una shimo jembamba. Kipande cha kimelea kinachoshikwa imara kwa mtu mmoja, kwa mwingine huponyoka wala hakionyeshwi kabisa. Kila mmoja wetu alipokea fungu moja zima la jeni hizo kwa baba na fungu jingine kwa mama, na ndiyo maana ndugu wawili wa baba mmoja na mama mmoja wana nafasi moja tu katika nne ya kufanana mafungu yote mawili. Mliosikia habari za upandikizaji wa figo uliofanyika kwa mara ya kwanza nchini mwetu katika Hospitali ya Taifa ya Muhimbili mwezi wa Novemba 2017 mtaelewa kwa nini ndugu wa damu hupimwa kwanza, na kwa nini hata kati yao si kila aliye tayari kutoa ndiye afaaye. Yule mama na kaka yake walikuwa wa tumbo moja, naam; lakini yawezekana kabisa kwamba walitoka tumboni mle na silaha zisizofanana.

Elimu hii si ya kale. Mfaransa Jean Dausset aliitambua antijeni ya kwanza ya jamii hii mwaka 1958, baada ya kuona kwamba maji ya damu ya wagonjwa waliokuwa wameongezewa damu mara nyingi yalizigandisha pamoja chembe nyeupe za watu wengine. Akapewa Tuzo ya Nobel mwaka 1980 pamoja na wenzake wawili. Mwaka 1974 Peter Doherty na Rolf Zinkernagel, wakifanya kazi Australia, walidhihirisha kwamba askari wa kinga hamtambui adui ila akionyeshwa na mkono anaoufahamu. Hayo yatosha kwa historia.

Kabla sijarudi mtoni, niondoe hofu moja ambayo naijua, kwa kuwa neno "kurithi" likitajwa mbele ya wagonjwa, wengi hulisikia kama hukumu. Huko Ulaya kuna sura ya HLA iitwayo B27, ambayo tangu mwaka 1973 imefungamanishwa na ugonjwa wa kukakamaa uti wa mgongo. Wagonjwa tisa hivi katika kila kumi wa huko wanayo. Hata hivyo, walio wengi mno katika wenye B27 huishi hadi uzeeni bila ya ugonjwa huo kuwagusa. Kwa hiyo jeni hizi huinamisha mizani, hazikati kesi. Chakula, umri, wingi wa kuumwa na inzi na maradhi mengine mtu aliyonayo huwekwa katika mizani hiyo hiyo.

Basi turudi kwenye maradhi ya yule mama, yaani usubi, ugonjwa ambao watu wa Rungwe, Kyela na Ileje wameishi nao kwa vizazi, na ambao kituo cha utafiti cha NIMR hapa Tukuyu kimeushughulikia kwa miaka mingi. Inzi wake hutaga mayai katika maji yaendayo kasi, na katika nchi hii ya mvua nyingi na miteremko mikali, maji ya namna hiyo hatujayakosa kamwe. Akiuma mtu, huacha viluwiluwi. Navyo hukua vikawa minyoo inayojifungia katika vinundu chini ya ngozi. Na jike la minyoo hiyo huishi miaka kumi hata kumi na mitano, akizaa kila siku watoto wadogo sana wanaotambaa ngozini na machoni.

Siku ile niliwakata ndugu wale wawili vipande vidogo vya ngozi, visivyozidi punje ya mtama, nikavitia katika maji ya chumvi, nikavitazama kwa darubini. Nilitazamia, kama ambavyo yeyote angetazamia, kwamba kipande cha yule mama aliyekuwa akiteseka ndicho kitakachojaa. Ikawa kinyume. Katika kipande chake niliona mdudu mmoja, labda wawili. Katika kipande cha kaka yake mzima wadudu walikuwa wakijipindapinda kwa wingi, wakimiminika kutoka katika nyama kama mchwa watokavyo kichuguuni baada ya mvua.

Maana yake ni nini? Ni kwamba madhara ya usubi kwa sehemu kubwa hayatokani na meno ya mdudu, bali na vita ambavyo mwili wenyewe huvipigana na wadudu hao wanapokufa, pamoja na bakteria wanaoishi ndani yao. Mwili wa yule mama ulimwona adui, ukapigana naye kwa ghadhabu, ukamuua, na katika kumuua ukaichoma nyumba yake mwenyewe. Mwili wa kaka ulikuwa umefanya suluhu na adui, ukastarehe, na adui naye akastarehe. Hali ile ya mama wataalamu huiita sowda, neno la Kiarabu lenye maana ya weusi, kwa kuwa lilichukuliwa Yemeni ambako ngozi za wagonjwa husawijika namna hiyo; nasi watu wa Kiswahili hatuhitaji mkalimani wa neno hilo. Wako pia watu wa namna ya tatu, walioumwa na inzi maisha yao yote bila kuonekana mdudu wala kidonda. Mwaka 1994 wataalamu waliwapima watu wa Afrika ya Magharibi wanaoishi penye usubi, wakaona kwamba sura za HLA za jamii iitwayo DQ hazikugawanyika sawasawa katika makundi hayo matatu.

Jambo hili lina faida ya papo hapo kwa wahudumu wanaogawa Mectizan vijijini, dawa ambayo kampuni ya Merck iliahidi mwaka 1987 kuitoa bure kwa ugonjwa huu. Mara ngapi mmesikia mlangoni, "Mimi siumwi, wape wanaojikuna"? Mtu huyo asemaye siumwi ndiye pengine aliyebeba ghala la wadudu, na inzi amnyonyaye yeye asubuhi ndiye awapelekeaye majirani balaa siku chache baadaye. Dawa huwaua watoto wa minyoo na kuuzuia uzazi kwa muda, lakini haiwaui wazazi. Ndiyo sababu humezwa mwaka baada ya mwaka. Aliye mzima ameze kwa ajili ya dada yake.

Nigusie na kifafa. Huko Mahenge, Louise Jilek-Aall, tabibu mwanamke aliyefanya kazi huko tangu miaka ya 1960, alikuta watu wenye kifafa wakiogopwa na kutengwa, akawaanzishia kliniki, na akaandika habari za watoto wanaotikisa vichwa kama wanaosinzia. Ugonjwa huo leo wahusishwa na usubi. Mwaka 2020 ulitangazwa utafiti wa wagonjwa wa Sudani Kusini ulioonyesha kwamba baadhi ya mafungu ya HLA yaonekana kama ngao dhidi yake. Utafiti ule ulikuwa mdogo, nami siujengei nyumba ya ghorofa. Lakini watosha kumkanya mtu asimwite mtoto mgonjwa mkosi wa ukoo.

Sasa tupande barabara hadi Mbeya. Kuanzia mwaka 2000, wanawake 600 waliokuwa wakifanya kazi katika mabaa na nyumba za wageni mkoani humu walikubali kufuatiliwa kwa miaka minne, wakitoa damu mara kwa mara, ili ijulikane namna virusi vya UKIMWI vinavyoingia na namna mwili unavyovikabili. Wanawake hao walidharauliwa mitaani na wengi, lakini elimu iliyotoka katika damu yao yasomwa ulimwenguni: katika waliokuwa wameambukizwa, wale ambao askari wao wa kinga walivitambua vipande kadhaa vya sehemu fulani za protini ya ndani ya kirusi iitwayo Gag, waliweza kuwa na virusi vichache zaidi katika damu. Na vipande gani vitaonyeshwa, huamuliwa na HLA. Kadhalika Nairobi, katika mtaa wa Pumwani, wanawake waliofuatiliwa tangu miaka ya 1980 walionekana baadhi yao kutoambukizwa licha ya hatari kubwa, na mwaka 2000 sura fulani za HLA zilitajwa kuwa miongoni mwa sababu. Nawasihi ndugu zangu mlio vijana msidhani kwamba hiyo ni ruhusa: hakuna mkono wa HLA ufungao mlango kabisa, na dawa za kupunguza makali ndizo zinazookoa roho.

Nimebakisha jambo moja, ambalo kwangu ndilo zito kuliko yote. Sura iitwayo B*57:03 huwasaidia Waafrika wengi walio nayo kukizuia kirusi cha UKIMWI. Ndugu yake, B*57:01, atofautianaye naye kwa asidi amino mbili tu, humfanya aliye nayo awe katika hatari ya kudhurika vibaya akipewa abakavia, mojawapo ya dawa hizo za kupunguza makali: homa, upele, kutapika, kikohozi na kupumua kwa shida, aghalabu katika wiki sita za mwanzo, na akirudishiwa dawa baada ya kuiacha aweza kufa. Kwa muda mrefu vitabu viliandika kwamba sura hii ni nadra kwa Waafrika, mtu akaishia hapo. Kisha wakapimwa Wamasai wa Kenya, ikaonekana kwa asilimia 13.6; Waluhya, asilimia 3.3, na Wayoruba wa Nijeria, hakuna hata mmoja. Neno "Mwafrika" lilificha tofauti kubwa kiasi hicho! Na abakavia ndiyo tunayowapa watoto wetu kliniki. Wanyakyusa, Wasafwa, Wandali, Wakinga, Wasukuma waliohamia mabondeni pamoja na ng'ombe wao: kila jamii ina mafungu yake, yaliyochujwa na malaria ya Kyela, na usubi wa Kiwira, na maradhi ambayo hata majina yake yamesahaulika. Kumwandikia mgonjwa dawa kwa kutazama vitabu vilivyotungwa kutokana na damu za Wazungu ni kumshonea mtu kanzu kwa kipimo cha jirani.

Kwa hiyo nina maombi. Muuguzi anayempa mtoto abakavia amweleze mzazi dalili nilizotaja, kwa lugha ya nyumbani, wala asimruhusu kuondoka mpaka mzazi azirudie kwa kinywa chake. Na ikithibitika kwamba dawa imemdhuru mtoto, iandikwe katika kadi yake kwa wino mwekundu asipewe tena maishani. Mtafiti anayekuja kuomba damu aeleze anakoipeleka, na arudi kutuambia alichokiona. Nami nimeona wakati wangu damu ikichukuliwa katika vijiji na habari zake zisirudi kamwe, jambo ambalo ni deni. Nanyi wananchi, akija mtu wa namna hiyo kwa adabu na kwa maelezo kamili, mwulizeni maswali yenu yote, na mkiridhika mpeni mkono.

Yule mama alimeza Mectizan, na kaka yake pia, baada ya kuweka jicho lake kwenye darubini akajionea mwenyewe wadudu wake. Alinyamaza muda mrefu. Kisha akaniomba dozi ya mke wake na watoto wake wanne.