Mkutubi na Mwenye Kutafuta Nasaba Yake

Mada iliyosomwa mbele ya semina ya wakutubi wa mwambao



Katika mwaka wangu wa kwanza wa kazi hii alinijia mama mmoja mtu mzima, akaniomba nimtafutie habari za bibi yake mzaa baba. Nami, kwa furaha ya kijana aliyekipata alichotumwa, nalisimama penye meza ya kuazimia vitabu, mbele ya watu waliokuwa wakingoja zamu zao, nikamsomea kwa sauti kwamba jina la bibi yake limo katika orodha ya watumwa walioachiwa huru. Mama yule hakusema neno. Alijifunika uso kwa ukaya wake, akatoka, wala hakurudi tena. Nalikuwa nimesoma sawasawa, na nalikuwa nimekosa. Tangu siku hiyo nimejiuliza ni ipi khasa kazi ya mkutubi kwa mtu atafutaye asili yake, na mada hii ndiyo jawabu niliyoipata: kwamba mkutubi si mnasabu, wala si kadhi wa kuhukumu ukoo wa mtu, yeye ni mshika amana, na amana yake ina pande mbili, hati iliyo rafuni na heshima ya mtu aliyesimama mbele yake.

Kuanza na walio hai

La kwanza tumwambialo mtafutaji ni kwamba asianze nasi, bali arudi nyumbani akawaulize wazee; kwani karatasi iliyokaa miaka mia yaweza kungoja mwezi mmoja zaidi, lakini shangazi wa miaka tisini hana ahadi hiyo. Walakini kuuliza nako kuna elimu yake, na hapo ndipo mkutubi amfaapo mtu. Katika lugha yetu ndugu wa baba ni baba, mkubwa au mdogo, na ndugu wa babu ni babu vilevile. Basi mtu asemapo kwamba babu yake alikuwa na shamba la mikarafuu, yapasa aulizwe kwa upole kama ni babu mzaa baba, au mzaa mama, au ni ndugu yao. Kadhalika desturi ya kumpa mtoto jina la babu yake huzaa Salim bin Ali bin Salim bin Ali, hata nyumba moja ikawa na akina Salim watatu ambao karatasi haiwapambanui. Kwa hiyo jina lisiandikwe pekee, bali liandikwe pamoja na lakabu, mtaa, msikiti au kanisa alilosali mwenyewe, na kazi aliyoifanya.

Na katika habari za miaka, wazee wetu aghalabu hawakuhesabu kwa tarakimu bali kwa mambo makubwa yaliyowapata. Aliyezaliwa Unguja “mwaka wa tufani” huenda alizaliwa mwaka 1872, dhoruba ilipoiangusha mikarafuu. Aliyekuwa mtoto wa kutambaa siku ya mizinga ya jumba la Sultani alikuwa hai tarehe 27 Agosti 1896. Na upande wa bara watu wa kusini hujihesabia tangu vita vya Majimaji, 1905 hata 1907. Mkutubi mwenye orodha ya mambo kama haya ya wilaya yake, iliyoandikwa kwa lugha ya wenyeji, amempa mtafutaji ufunguo usiopatikana katika kitabu cha dukani.

Hati zilizopo, na sababu ya kuwapo kwake

Uandikishaji wa vizazi na vifo haukuwafikia watu wote wa pwani katika siku za zamani, na mtafutaji akiutegemea huo peke yake atarudi mikono mitupu. Basi na tujiulize ni kwa haja gani mtu wa kawaida aliandikwa. Aliandikwa alipooa au alipoacha, na huko Kenya sheria ya kuandikisha ndoa na talaka za Waislamu ilitungwa mwaka 1906. Aliandikwa aliponunua au aliporehani shamba. Na aliandikwa khasa alipofariki, kwa kuwa sheria ya mirathi humlazimu kadhi kumtaja kila mwenye fungu, mwana kwa binti, mke na mama, hata faili moja la mirathi likawa ni picha ya nyumba nzima. Hati za wakfu nazo, pale zilipowekwa kwa ajili ya dhuria, hutaja watoto na watoto wa watoto. Na kuna neema ambayo watafiti wengi hawaioni: mwanamke wa kwetu haachi jina la baba yake kwa kuolewa. Fatuma binti Salim huolewa, hutalikiwa, huolewa tena, na katika kila hati yeye ni binti Salim yuleyule. Basi panapopotea uzi wa wanaume, aghalabu uzi wa wanawake haujakatika.

Sehemu kubwa ya hati hizi haimo maktabani mwetu. Nyaraka za Taifa za Zanzibar zina mafaili ya mirathi, hati za mashamba na barua za Kiarabu. Nyaraka za Taifa zilizoko Dar es Salaam zina mafaili ya utawala wa Wajerumani, ambayo mengine yameandikwa kwa hati ya mkono ya kale, hata msomi wa Kijerumani cha leo huhitaji kufundishwa kuisoma. Na Nairobi ziko za Kenya. Kwa waliotoka katika vijiji vya misheni, kama Rabai, Frere Town iliyoasisiwa 1875, na Bagamoyo ambako mapadri walifika 1868, daftari za ubatizo ndizo mlango; illa mkutubi amtanabahishe mtafutaji kwamba ubatizo ulileta jina jipya, na kwamba aliyeitwa kwao kwa jina la Kiyao au la Kinyasa huenda akaonekana katika daftari hizo kwa jina la Kizungu tu.

Kusoma jina na kusoma tarehe

Mtafutaji aweza kuishika hati ya babu yake mkononi asiitambue. Hati za kale za Kiswahili ziliandikwa kwa herufi za Kiarabu, ambazo hazikuwa na p wala v, hazikupambanua e na i, wala o na u. Jina la mji wa Pate, likiandikwa hivyo, laweza kusomwa Bati. Baadaye wakaja makarani wa Kiingereza, kila mmoja akaandika kama alivyosikia, na Muhammad akawa Mohamed, Mahomed na Mohammed katika faili moja. Basi tumfundishe mtu kuyatafuta maumbo yote ya jina kabla hajasema kwamba halipo.

Mwaka wa hijria nao ni mfupi kuliko wa miladi kwa siku kama kumi na moja, hivyo miaka 33 ya huo ni karibu sawa na 32 ya huu. Hati ya Rajabu 1314 huangukia Desemba 1896 na siku za mwanzo za Januari 1897, yaani mwezi mmoja katika miaka miwili. Na kwa kuwa siku yetu huanza jua litwapo, usiku wa Ijumaa wa kadhi ulikuwa Alhamisi kwa karani wa serikali. Ikhtilafu ya siku moja, basi, si dalili ya uwongo.

Sitara

Sasa narejea kwa yule mama. Amri ya mwaka 1897 iliyoondoa hukumu ya utumwa Zanzibar, na sheria ya 1907 katika mwambao wa Kenya, zilizalisha orodha ambazo ndani yake mtu aliyekuwa hana karatasi yoyote huonekana kwa jina, na mara nyingi pamoja na kabila lake na jina la bwana wake. Tena katika mirathi, kwa hukumu ya walaa, aliyemwacha huru mtumwa alikuwa na haki ya kumrithi asipokuwa na warithi wa nasaba, na madai hayo yalihifadhi majina ambayo lau si hayo yangalipotea. Hazina hiyo imeandikwa kwa machungu ya watu, na mtoto wao ana haki ya kuyapokea kwa faragha. Asiambiwe kwamba si aibu, maana aibu haiondolewi kwa neno la karani. Aonyeshwe, akitaka kusikia, kwamba hata watoto wa Sultani wa Zanzibar, Sayyid Majid, Sayyid Barghash na Bibi Salme, wote walizaliwa na masuria. Na ajapo mwingine akidai usharifu au Ushirazi, akitutaka tumthibitishie, tumpe kila hati tuliyo nayo kwa insafu ileile, na hukumu tumwachie mwenyewe.

Mapendekezo

Naomba semina ikubali mambo manne. Kwanza, kila maktaba iweke daftari la mwongozo, lenye kueleza ni mahakama gani, msikiti gani, kanisa gani na ofisi gani ya nyaraka yenye kumbukumbu za wilaya yake, na za miaka ipi. Pili, pawe na jedwali la hijria na miladi, na angalau mtumishi mmoja asomaye hati za Kiarabu. Tatu, mtafutaji aombwe, kwa hiari yake, kutuachia nakala ya shajara ya ukoo wake na maneno ya wazee aliowauliza, pamoja na sharti zake juu ya nani ayasome. Nne, pawe na chumba, ijapokuwa ni pembe yenye pazia, mbali na meza ya kuazimia.

Siku hizi anijiapo mtu kwa haja hii humkalisha kwanza katika pembe kama hiyo, nikamweleza daftari la majina nililomtolea ni la nini na liliandikwa kwa sababu gani, nikamwuliza kama yu tayari. Kisha hulifungua penye ukurasa wake, nikaligeuza likamwelekea yeye, nikanyamaza, ili jina la bibi yake alisome kwa ulimi wake mwenyewe.