Beki Aliyetoa Kabla ya Kustaafu



Nimeombwa niseme kuhusu fedha. Mhasibu akisimama watu huanza kushika simu zao, kwa hiyo nitapitia mpirani.

Vijana wa vibanda umiza wanamjua Jamie Carragher kama mchambuzi wa runinga, yule anayebishana na Gary Neville Jumatatu usiku. Wengine humu tulimwona akicheza. Ni mtoto wa Bootle, mji wa watu wa bandari jirani na Liverpool. Alichezea Liverpool tu, mechi 737, kuanzia 1997 hadi 2013. Beki hasifiwi, husemwa siku anapokosea. Septemba 1999 alijifunga mara mbili katika mechi moja na Manchester United, tena nyumbani Anfield, wakalala 3-2. Mwingine angeomba kuhama. Lakini mwaka 2005 kule Istanbul, baada ya AC Milan kuongoza 3-0 na Liverpool kusawazisha, ni yeye aliyekuwa akijirusha kuzuia mipira huku misuli imemkaza, mpaka wakafika kwenye penalti na kushinda. Mimi timu yangu ni nyingine, ila usiku ule nilinyamaza.

Kilichonivutia zaidi ni hesabu. Uingereza, mchezaji aliyeitumikia klabu moja kwa muda mrefu huandaliwa mechi ya kumuenzi, na mapato huwa yake. Enzi za mishahara midogo, hicho ndicho kilikuwa kiinua mgongo chake. Carragher alipata ya kwake Septemba 2010, dhidi ya Everton. Mapato akayapeleka kwenye mfuko uliobeba namba ya jezi yake, 23, wa kusaidia watoto na vijana wa kwao Merseyside. Alikuwa bado anacheza. Kazi ya Sky Sports ilikuja 2013. Najua, mshahara wake sisi wote humu tukichanga hatuufikii. Nazungumzia tarehe, si kiasi.

Nasema hivi kwa sababu kila nikipiga simu za michango nasikia: "Mhasibu, ngoja nistaafu, mafao yakitoka nitafanya jambo kubwa nyumbani." Ndugu zangu, mafao yakitoka yanakuta ada za watoto, matibabu, na nyumba isiyo na madirisha. Sijawahi kuyaona yakifika kijijini yakiwa mazima. Bweni letu la wasichana limeishia kwenye lenta na mvua zinalinyeshea. Kidogo cha kila mwezi, ninachojua kitaingia, naweza kukipangia mabati. Ahadi ya uzeeni siwezi kuipeleka dukani.

Fomu za mwaka huu ziko mezani. Za mwaka jana ambazo hazijalipwa nimekuja nazo kwenye bahasha ya kaki. Sitazisoma. Anayetaka kuiona yake anifuate pembeni wakati wa chakula.