Aliyeamriwa Matunzo Bila Kuwapo: Mhadhara wa Umma, Mshangano, Songea



Mkoa huu unamfahamu vizuri mume asiyekuwepo nyumbani. Mwaka 1955 P. H. Gulliver alichapisha utafiti wake juu ya Wangoni na Wandendeuli waliokwenda kutafuta kazi mbali, wengi katika mashamba ya mkonge. Wazee mliopo hapa mnazijua habari za hao manamba kuliko nitakavyozieleza. Leo kijana wa Songea huondoka kwenda machimbo ya vito Tunduru au kutafuta kibarua Dar es Salaam, akabadilisha na laini ya simu. Mkewe akichoka kungoja, huenda mahakamani kudai matunzo.

Haki hiyo anayo, na nataka ieleweke kabla sijasema neno la kumtetea mume. Kifungu cha 63 cha Sheria ya Ndoa ya 1971 kinamtaka mume ampatie mkewe malazi, mavazi na chakula kwa kadiri ya uwezo wake. Kifungu cha 129 kinambebesha baba matunzo ya watoto, wawe wanaishi naye au kwingine. Mahakama isingeweza kumngoja mtu arudi kwa hiari yake ndipo watoto wale. Kwa hiyo ikiridhika kwamba wito ulimfikia naye hakutokea, husikiliza upande mmoja na kuamua.

Tatizo liko kwenye huko kuridhika. Wito huachwa kwa mtendaji, au kwa shemeji, au kwa jirani aliyeahidi kuufikisha. Kisha karatasi inarudi mahakamani ikisema mdaiwa amepata. Miezi inapita, mtu anarudi Songea na kukuta anadaiwa malimbikizo ya amri ambayo hakuwahi kuisikia, iliyokadiriwa kwa kipato ambacho hakuna aliyemuuliza. Katiba yetu, ibara ya 13(6)(a), inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Na hata aliyepuuza wito kwa makusudi hapotezi kila kitu: katika shauri la Cosmas Construction dhidi ya Arrow Garments, lililochapishwa katika ripoti za sheria za 1992, Mahakama ya Rufani ilisema ana haki ya kujulishwa siku ya kusomwa hukumu.

Afanye nini basi? Wengi hukimbilia rufaa, na hapo ndipo wanapopotea. Hakimu wa rufaa husoma jalada, na jalada lenyewe lina sauti ya mke peke yake. Sababu za mume kutokuwepo hazimo humo. Anayelalamika kwamba hakusikilizwa arudi mahakama ileile iliyotoa amri, aombe itenguliwe. Kanuni za madai za Mahakama za Mwanzo za 1964 zinasema wazi: akithibitisha kwamba wito haukumfikia ipasavyo, au kwamba alizuiwa na sababu ya kutosha, hukumu itatenguliwa kwa masharti ambayo mahakama itaona yanafaa. Katika Mahakama ya Wilaya maombi ya namna hiyo yana siku 30. Aje na ushahidi, si malalamiko: barua ya mwajiri, cheti cha hospitali, taarifa ya miamala ya simu ikionyesha fedha alizotuma nyumbani.

Yupo na mwingine, ambaye wito aliupata na amri anaijua, ila tangu hapo amepoteza kazi au ameugua. Huyu asidanganye kwamba hakuitwa. Sheria ya Ndoa inaruhusu amri ya matunzo ibadilishwe hali inapobadilika, au ikibainika ilijengwa juu ya taarifa zisizo za kweli. Mlango wake ni huo, na haumlazimishi kula kiapo cha uongo.

Sasa nisemalo kwa uzito. Yale maneno “kwa masharti” mahakimu wetu wayatumie. Kutengua amri kusiwe kufunga jiko. Kifungu cha 115 cha Sheria ya Ndoa kinaruhusu matunzo ya mke hata shauri likiwa bado linaendelea. Basi mume anayeomba asikilizwe upya aagizwe kuendelea kutoa kiasi fulani hadi uamuzi mpya. Mwenye nia ya kweli ya kusikilizwa hatalikataa sharti hilo. Anayetafuta muda tu ataonekana mapema.

Na ninyi wenyeviti wa mitaa mliokaa mbele hapa: mkiletewa wito wa mtu ambaye mnajua amehama, msiupokee kana kwamba mtamkabidhi. Andikeni juu yake kwamba ameondoka, tangu lini, kaelekea wapi, na ndugu yupi ana namba yake, kisha urudi kwa karani siku hiyohiyo.