Mlamula Uliong'olewa: Hotuba kwa Wakazi wa Mpakani Juu ya Kesi za Mipaka ya Mashamba



Mpaka wa Uganda na Tanzania kila mmoja wenu anaujua. Unaotushughulisha sisi polisi zaidi ni ule mdogo, upitao kati ya migomba ya jirani mmoja na migomba ya mwenziwe.

Msimu wa mvua uliopita walifika kituoni wanaume wawili, majirani tangu utotoni, mmoja mkono wake umefungwa kitambaa chenye damu. Alitaka tumkamate mwenziwe, kisha twende tukawapimie shamba. La kwanza liliwezekana, kwa maana kumjeruhi mtu ni jinai na upelelezi wake ni wajibu wetu. La pili hatukuwa na mamlaka nalo. Ofisa wa polisi anayesimama shambani na kunyoosha kidole akisema "mpaka upite hapa" amejitwalia kiti cha hakimu. Tunakiri kwamba wapo wenzetu waliowahi kufanya hivyo, wakaacha ugomvi mkubwa kuliko walioukuta.

Chanzo cha ugomvi ule kilikuwa mlamula, mmea ambao mababu wa Buganda na Buhaya waliupanda mipakani, na ambao jina lake lenyewe lina maana ya kuamua. Mmoja aliona umesogezwa. Badala ya kuwaita wazee, aling'oa mstari mzima akaupanda upya pale alipoamini ni mahali pake. Huenda haki ilikuwa yake, lakini alikuwa ameuharibu ushahidi wake kwa mikono yake mwenyewe. Shina la miaka arobaini lingemwonyesha hakimu mpaka wa zamani. Lililopandwa juzi halimwonyeshi kitu. Tena sheria ya jinai inahesabu kuwa kosa kuondoa alama ya mpaka kwa nia ya kudhulumu, hivyo mlalamikaji aweza kurudi nyumbani akiwa mshtakiwa.

Basi ukiona alama imesogezwa, usiiguse. Mwite mwenyekiti wa LC na wazee waliokuwapo mpaka ulipowekwa, waone kwa macho yao, na kilichoonekana kiandikwe siku hiyo hiyo. Kwa ardhi ya kimila, shauri huanzia mahakama ya LC II. Asiyeridhika hukata rufaa LC III, kisha kwa Hakimu Mkuu. Penye hati, mpima ardhi huitwa kufungua mipaka, yaani kuyatafuta mawe ya upimaji kwa kufuata ramani. Mwarifuni jirani kabla ya siku hiyo. Kipimo kilichofanywa kwa siri hakimtulizi mtu.

Wala msikae na kinyongo miaka na miaka. Sheria yetu inampa anayedai ardhi miaka 12 tangu haki ya kudai ilipozaliwa. Tumewaona wajane wakija na madai ya kweli kabisa, lakini muda ulikwisha wakati marehemu waume zao wakisema "tutazungumza baada ya mavuno".

Katika kesi za namna hii mahakama hutoka ikaenda shambani. Mwongozo wa Jaji Mkuu wa mwaka 2007 unaihimiza kufanya hivyo. Hakimu hutembea mpakani pamoja na pande zote mbili na mashahidi wao, maswali huulizwa pale pale, na mchoro wa mahali huwekwa katika kumbukumbu. Shahidi aliyesema mahakamani kwamba mpaka unafuata mti mkubwa huombwa auonyeshe mti huo. Wengine huona haya wakakosa cha kuonyesha. Ndiyo maana tunawasihi mchague shahidi anayelijua shamba, hata akiwa mzee asiyejua kusoma, kuliko msemaji hodari aliyelisikia tu.

Kwa ninyi wenye mashamba ng'ambo: kesi ya ardhi husikilizwa mahali ardhi ilipo. Aliye na shamba upande wa Missenyi hatasaidiwa na mahakama ya Kyotera. Kule Tanzania, tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021, Baraza la Kata hupatanisha tu. Uamuzi hutolewa na Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Kituo chetu hakiwezi kumvusha jirani yako mpaka ili ajibu madai ya shamba, msituombe.

Wale majirani wawili, kesi yao ya mpaka bado inaendelea, na hakimu ametangaza kwamba atakwenda kuliona shamba. Tutakuwapo siku hiyo kulinda amani. Watakaokuja kushuhudia wanakaribishwa, ila mapanga na majembe yabaki nyumbani, na mtu asilime wala asipande chochote kwenye ule mstari kabla hakimu hajafika.